Fomu Haipokei Michoro

Mwaka ule serikali iliagiza
kila mtu awe na jina la ukoo.
Serikali iliyotangulia ilikuwa imeyafuta,
enzi za babu, kwa mchirizo mmoja wa kalamu,
na babu, mtu mwoga, akalisahau lake kwa bidii,
hata kitandani pa kufia hakulikumbuka.

Nilikuwa karani wa Ulaanhudag,
maana yake Kisima Chekundu.
Wengine husema ni kwa sababu ya udongo,
wengine, ya bendera iliyochomekwa pale siku ya ufunguzi.
Maji yenyewe ni meupe, yana chumvi,
na ngamia huyanywa bila kuuliza.

Nilipewa daftari, muhuri, na jiko lisilowaka.
Watu wakapanga foleni, theluji kofiani.
"Wewe ukoo gani?"
"Niandikie ule wa mfalme."
"Na wewe?"
"Huohuo."
Kufikia saa sita
nilikuwa nimemzalia mfalme watoto mia na kumi,
mmoja fundi pikipiki,
mmoja mwizi wa kondoo, namjua,
na wa kwanza wao, kabla sijafungua mlango,
nilikuwa mimi.

Kisha akaingia Nergui.
Kwa lugha yetu jina hilo husema: Hana Jina.
Kabla yake mama yake alimzaa Chuma,
akamzaa Mwamba, akamzaa Milele.
Chuma alichukuliwa na surua.
Mwamba hakuumaliza msimu wa baridi.
Milele aliishi siku tisa.
Basi wa nne alipolia, mama akaliambia giza la mlangoni:
hapa hapana mtu, pita zako, huyu hana jina.
Mauti yakapita. Yana haraka, hayasomi mara mbili.
Wakafuata wadogo zake, Enebish na Terbish,
Siye Huyu na Siye Yule,
wote wawili hai mpaka leo, wanene, wabishi.

"Ukoo?" nikamuuliza.
Akachovya kidole katika chai yangu ya chumvi
akachora mezani: nukta tatu, na upinde juu yake.
"Hii iko kwenye mapaja ya farasi wetu
tangu kabla ya huyo mfalme wenu.
Majina waliyafuta.
Farasi hawakuwaita ofisini."

Nikamwambia fomu haipokei michoro.
Chai ilikuwa imeanza kukauka.
"Hizo nukta ni nini?"
"Mafiga. Na upinde ni chungu."
Akaziangalia, moja, mbili, tatu,
kama mtu anayehesabu watoto kabla ya kulala.
Sikuuliza zaidi.

Dirishani ulikuwepo mlima ule
ambao hatuutaji jina ukiwa unatuona.
Twauita Mpendwa, twauita Mwenye Huruma;
jina lake lenyewe husemwa ng'ambo ya bonde la pili,
tena kwa kunong'ona.
Wapimaji wa jeshi waliliandika kwenye ramani.
Mwaka huo tulizika mbuzi elfu.

Nergui akaugeuzia mgongo kwanza,
ndipo akanitamkia, herufi baada ya herufi,
neno letu la mafiga: Tulga.
Nikagonga muhuri.
Alipopewa kitambulisho akakisoma,
akacheka, kiganja mdomoni:
"Hana Jina wa Mafiga!
Wakirudi sasa watanipata.
Wana pa kuanzia."
Akakitia kifuani, akatoka,
akapanda mnyama asiyehitaji karatasi.

Jioni nikafunga daftari.
Mezani chai ilikuwa imeacha chumvi,
nukta tatu nyeupe, na upinde uliokatika kidogo.
Mimi, mwana wa mfalme, namba moja kitabuni,
nilikaa pale mpaka taa ikaisha mafuta
nikijaribu kukumbuka
farasi wa babu walichomwa alama gani.